Dengu Zimekauka au Zimekomaa

Benchi lenyewe ni ubao mmoja mrefu uliolazwa juu ya matofali, nje ya geti la ua wenye vyumba sita, pale barabara ya vumbi inapokutana na ya lami na hakuna anayejua nani ampishe nani. Ukikaa hapo unaona wapita njia, na ukigeuza shingo kidogo unaona, kupitia geti lisilofungika, kipande cha ardhi cha hatua nne kwa kumi, kati ya ukuta na bomba la maji. Hapo ndipo zilipo dengu. Kila asubuhi Birika anashusha jiko na vikombe vyake vidogo vya kahawa, Breki anatundika tairi la baiskeli ukutani ili watu wajue fundi yupo, Mzee Stempu anafika na gazeti la juzi, na Bi Mwiko anatoka chumba namba tatu na kigoda chake mwenyewe, kwa sababu anasema ubao ule umeshachoshwa na maneno. Jumamosi hii alitoka kabla ya wote, akakaa, na hakumsalimia mtu.

Hakuna aliyeuliza kulikoni, maana kila mmoja alijua. Saa nne mpwa wa mwenye nyumba angekuja na fundi wa zege. Watu humwita Meneja, ingawa hakuna anachokisimamia zaidi ya lile geti. Miezi minne iliyopita alitaka kipande kile kiwe maegesho ya pikipiki, na Bi Mwiko akaenda kusimama katikati ya makopo na vigae vilivyotupwa pale, akasema anapataka apande. Meneja alicheka. "Sawa Mama," akamwambia, "ila siku nikija nikute kijani. Nikikuta majani makavu, namwaga zege." Bi Mwiko akakubali mbele ya benchi zima. Sasa saa nne ilikuwa inakaribia, na dengu zake, kuanzia mashina ya chini mpaka ncha, zilikuwa na rangi ya ufagio.

— Mama yangu, — Breki akaanza, hata kahawa haijamiminwa, — mimi nasema ukweli kwa sababu nakupenda. Zile zimekufa.

— Zimekomaa.

— Zimekufa, Mama. Jana nilizishika. Zinalia kachakacha kama gazeti la Mzee Stempu.

— Gazeti langu liache, — akasema Mzee Stempu. Alikuwa karani wa posta, na ingawa barua ya mwisho aliigonga muhuri miaka tisa iliyopita, bado hugonga ubao kwa ngumi kila anapomaliza hoja. — Ila kwa hili fundi yuko sahihi. Kitu kilikuwa kijani, kikawa kahawia. Kwa lugha ya kawaida, kimekufa.

Akagonga ubao.

— Na nywele zako zilikuwa nyeusi, zikawa nyeupe, — akasema Bi Mwiko. — Tukuzike leo au tusubiri ndugu zako?

Birika akacheka mpaka kahawa ikakosa kikombe.

— Tatizo ni maji, — Breki akaendelea. Jina la Breki alipewa kwa sababu mdomo wake hauna. — Siku kumi na moja hujamwagilia, na bomba liko pale, hatua mbili. Mimi nikiwa naziba pancha nasikia zinaniita.

— Zinakuitaje?

— Breki, Breki, maji.

— Zikikuita tena, ziambie ni mimi niliyekataza.

— Lakini kwa nini, Mama? Zimekukosea nini?

— Maganda ya chini yalipoanza kupata rangi ya chai, nikafunga bomba. Dengu ukiiloweka asubuhi, jioni imevimba. Ukiisahau mpaka kesho, imechacha, na sufuria zima linanuka. Sasa kama inachacha kwenye sufuria, isichache kwenye ganda kwa nini?

— Ni wakulima ndio waliokwambia hivyo?

— Hapana.

— Umesoma wapi?

— Kwenye sufuria.

Hapo alisema kweli tupu. Kwa miaka ishirini na sita Bi Mwiko alipika dengu katika shule ya bweni. Kila siku alizimwaga kwenye ungo, akachambua mawe mpaka macho yakamuuma, akazipika, akazipakua, na kesho yake akaanza upya. Alipofikisha miaka ya kustaafu wakampa shuka na hotuba. Ni siku ile, amekaa kitandani na shuka mapajani, ndipo ilipomjia kwamba kile kitu kilichomla macho hajawahi kukiona kikiwa ardhini. Hakujua kama ni mti au ni nyasi. Jambo hilo lilimchoma kuliko hotuba yenyewe. Maisha yake yote alikuwa amepangiwa cha kupika, na akaona aibu kufa bila kujua kinatoka wapi.

Akaanza vibaya. Alipanda zile nyekundu zilizopasuliwa, zikaoza, na benchi likamcheka wiki nzima. Akanunua nzima, zenye ganda lake, akazipanda tena. Zikaota vijiti vyembamba vyenye majani madogo madogo, dhaifu kiasi kwamba haziwezi kusimama bila kuegemeana, zikapata maua meupe ambayo usipoinama huyaoni, kisha maganda bapa yanayolingana na ukucha. Bi Mwiko aliinama kila siku. Alikuwa hajawahi kuanzisha kitu chake mwenyewe tangu azaliwe, na hakuwa tayari kukiona kikifukiwa chini ya zege.

— Mimi nina dawa, — akasema Breki. — Ardhi ile imekanyagwa miaka mingi, imebana. Mizizi haipati upepo. Nachukua pampu yangu, napiga upepo pembeni mwa kila shina, mikupuo mitatu mitatu. Mpaka saa nne zimesimama wima.

— Na zikipasuka? — akauliza Birika.

— Tunaziba. Kwani kazi yangu nini?

— Acheni mambo ya pampu, — Mzee Stempu akasema. — Mmea unasikia. Hili limethibitishwa.

— Na nani?

— Na watu. Sasa huyu dada yangu amepiga kelele jikoni miaka ishirini na sita. Panga mstari, rudisha sahani, wewe umeshakula. Sauti ile haijamtoka. Angalieni dengu zenyewe, zimejipanga mstari kwa hofu, na kitu kinachoishi kwa hofu lazima kikauke. Zinatakiwa zisomewe habari njema, taratibu. Bahati nzuri nimekuja na gazeti.

— Habari njema katika gazeti la juzi?

— Nitasoma ukurasa wa michezo.

— Timu yako ilifungwa manne.

Mzee Stempu akafikiri.

— Ukurasa huo nitauruka, — akasema, na safari hii hakugonga ubao.

Birika akamimina raundi ya pili. Yeye si mtu wa maneno mengi, lakini akianza kwa kukohoa ujue lipo jambo.

— Geti lilipopakwa rangi mwaka jana, nusu kopo lilibaki kwangu, — akasema. — Rangi ya kijani. Brashi ninayo. Tunaanzia upande wa mbele, huku nyuma hatafika, ana viatu vyeupe.

Breki na Mzee Stempu wakatazamana, kama watu wanaoona aibu kukubali kwamba wazo limewaingia.

— Rangi itanuka, — Breki akasema mwishowe. — Bora miwani. Meneja anapenda kupendeza, si ndiyo? Tunamnunulia miwani ya jua, ya kioo cha kijani, tunampa palepale getini kama zawadi. Akiivaa tu, kijani. Dengu kijani, ukuta kijani, zege lenyewe kijani.

— Na akiivua?

— Zawadi haivuliwi mbele ya aliyeitoa. Ni adabu.

— Nyote mnahangaika bure, — akasema Mzee Stempu, akiwa amepata pumzi mpya. — Jambo hili ni la kiofisi. Dengu zimefanya kazi miezi mitatu mfululizo bila kupumzika hata siku ya sikukuu. Kila mtumishi ana haki ya likizo. Naandika barua: mimea tajwa hapo juu iko likizo ya siku ishirini na nane, itaripoti ikiwa kijani. Nakala kwa mwenye nyumba, nakala kwa mpwa wake, nakala kwa dengu zenyewe.

— Dengu zitasaini wapi?

— Zitaweka dole gumba.

Hapo Bi Mwiko akasimama. Hakupaza sauti, na wote watatu wakaweka vikombe chini.

— Nisikilizeni. Sipaki rangi kitu nilichokipanda mimi. Simvishi mtu miwani. Wala siandiki barua ya kuomba radhi kwa sababu kitu changu kimezeeka kama kila kitu kinavyozeeka. Mimi waliniita wakaniambia karatasi imesema miaka yangu imetosha, nikasema ahsanteni, nikabeba shuka. Niliondoka kimya kama mjinga. Leo siondoki. Aje na fundi wake, aje na mafundi kumi. Atazikuta kama zilivyo.

— Na akimwaga zege? — Breki akauliza, sasa kwa upole.

— Atalimwaga nikiwa namtazama usoni.

Akakaa. Akajifunga kanga upya kiunoni. Kitu kimoja hakuwaambia.

Saa tatu na nusu, mtu mmoja mnene mwenye vumbi la saruji kwenye nyusi akafika na ndoo, ndani yake futi ya kamba na mwiko wa kuwekea zege. Akawaamkia wote, akasema ametumwa apime sehemu, mwenye kazi yuko njiani. Benchi likamwitikia kwa ubaridi. Birika hata kahawa hakumkaribisha, jambo ambalo halijawahi kutokea.

Fundi akaingia getini, akapima upana, akapima urefu, akaandika kwenye kiganja. Halafu hakutoka. Alichuchumaa pembeni mwa dengu, akaliangalia ganda moja kwa muda mrefu bila kuligusa, kisha akageuza kichwa.

— Samahanini, — akasema. — Ndani ya hivi mna nini?

Breki akageukia tairi lake ukutani. Mzee Stempu akalikunja gazeti mara nne. Birika akachungulia ndani ya birika lake. Walikuwa wamebishana siku kumi na moja, asubuhi na jioni, kama zimekufa au zimekomaa, na hakuna hata mmoja aliyewahi kujiuliza hilo. Mmoja baada ya mwingine wakamgeukia Bi Mwiko.

— Sijui, — akasema.

Hilo ndilo hakuwaambia. Hakuwahi kufungua ganda hata moja. Kila asubuhi aliyagusa kwa mgongo wa vidole, akaondoa mkono haraka. Aliogopa. Kama yalikuwa matupu, basi Breki alisema kweli, Meneja alisema kweli, na yeye alikuwa bibi kizee anayepigania takataka. Maadamu hajafungua, angeweza kuwajibu wote kwa ukali. Ugomvi aliuweza tangu zamani.

— Fungua, — akasema fundi. — Mimi kabla sijamwaga zege huwa napenda kujua nafukia nini.

Bi Mwiko akaingia getini. Benchi zima likamfuata, hata Birika, akaacha jiko likiwaka. Akainama, akachuma ganda la kwanza, akalibana kwa kucha. Halikuwa na kitu. Ngozi mbili tu nyembamba, zimegandana.

— Pole, Mama, — Breki akanong'ona.

— Pole ya nini? Hilo ni moja.

La pili lilikuwa na punje iliyosinyaa, ndogo kuliko kichwa cha pini. Hakuna aliyesema pole safari hii.  Bi Mwiko akapiga magoti, akaingiza mkono chini kabisa, kwenye maganda yaliyotangulia kukauka, akachuma moja gumu. Likalia, likapasuka, na dengu mbili zikamdondokea kiganjani, bapa, nzito, zimetimia.

Akaitia moja kinywani, akaiuma. Ikagoma. Akaiuma kwa jino la nyuma, ikagoma.

— Kavu, — akasema. — Mbichi ingelainika.

Akapasua jingine, likatoa moja. Jingine, mbili. Furaha ikampanda ghafla mpaka akaona aibu, maana machozi yalikuwa yanamtoka mbele ya mtu wa zege. Hakuyafuta. Akamnyooshea Mzee Stempu kiganja.

— Haya, karani. Hizi zimekufa?

— Nilisema kwa lugha ya kawaida, — Mzee Stempu akasema. — Kitaalamu nilikuwa na mashaka.

Ni wakati huo pikipiki ilipozimwa getini. Meneja akaingia na viatu vyake vyeupe, akatazama kushoto, akatazama kulia.

— Shikamoo, Mama.

— Marahaba.

— Mama, sioni kijani.

— Hakipo.

— Si tulikubaliana?

— Tulikubaliana. Zimekuwa kijani miezi mitatu, siku zote, mchana kutwa. Wewe ulikuwa wapi? Ulisema ukija ukute kijani. Hukuja.

— Nimekuja leo.

— Leo umekuta chakula. Ulitaka majani?

Meneja akacheka kidogo, akaona wengine hawacheki, akaacha. Si mtu mbaya, ila ni mtu ambaye ameshamwahidi mjomba wake jambo.

— Mama, mimi sina ugomvi na wewe. Lakini neno ni neno. Fundi, umeshapima?

Fundi akatazama kiganja chake kilichoandikwa, kisha akakisugua kwenye suruali.

— Nimepima. Imefutika.

Wakati huohuo Breki, katika kusogea amsikie Meneja vizuri, akapitisha mguu kwenye mashina. Maganda mawili matatu yakapasuka yenyewe, na dengu zikaruka, zikapotelea kwenye mchanga. Wote walisikia. Bi Mwiko akaelewa palepale jambo ambalo sufuria halikumfundisha. Zilikuwa hazingoji mtu. Akiziacha zisimame mpaka ugomvi uishe, zingepukutika zote. Akizing'oa sasa hivi, ardhi ingebaki tupu mbele ya mtu wa zege na ndoo yake, na yeye mwenyewe ndiye angekuwa ameisafisha.

Akamtazama Meneja. Akazitazama dengu. Kisha akashika shina la kwanza karibu na ardhi, akaling'oa na mizizi yake.

— Mama, unafanya nini? — Breki akashtuka.

— Navuna. Leteni ule ubao.

— Ubao gani?

— Mnaokalia.

Hakuna aliyewahi kuliinua benchi lile. Waliliinua. Wakaulaza ubao kwenye kivuli cha ukuta, Bi Mwiko akatoa shuka chumbani, lile la kustaafu, akalitandika juu yake, na akawa anang'oa, anawapa, wanapiga. Mzee Stempu alipiga kwa ngumi, na kwa mara ya kwanza ngumi yake ilikuwa na faida. Breki akapiga kwa kipande cha tairi. Birika akapeperusha makapi kwa sinia lake la vikombe, akimwelekezea Meneja upepo, labda kwa bahati mbaya. Meneja akarudi nyuma, akikung'uta shati.

— Umenirahisishia kazi, Mama, — akasema. — Sasa pako wazi kabisa.

Bi Mwiko akapuliza makapi ya mwisho. Walipomaliza, dengu zote hazikujaa hata sufuria ndogo ya chai. Miezi mitatu, na chakula cha mtu mmoja kwa siku mbili. Breki alitaka kusema kitu, Birika akamkanyaga. Lakini Bi Mwiko alizitazama kama mtu aliyekutana na ndugu anayefanana naye. Akachota zile bora, zaidi ya nusu, akazifunga kwenye ncha ya kanga. Kisha akarudi kwenye ardhi tupu, akampita Meneja bila kumwomba njia, akainama upande wa ukuta, akachoma ardhi kwa kidole, akatia dengu, akafukia. Akasogea, akachoma tena.

— Mama, — Meneja akasema. — Unanisikia? Mama.

Kidole, dengu, mchanga.

— Huwezi kupanda hapa. Hatujakubaliana tena.

— Sijakuomba tena, — akasema Bi Mwiko.

Breki akavua kofia, akaenda kuchuchumaa upande wa pili wa kipande kile, karibu na bomba, akaanza kulainisha ardhi kwa bisibisi.  Mzee Stempu, ambaye magoti yake hayainami, akasimama katikati kabisa, mahali ambapo mashine ya zege ingepita, akafungua gazeti na kuanza kusoma ukurasa wa michezo. Birika akaenda kutazama jiko. Kahawa ilikuwa imekaukia ndani, akarudi mikono mitupu, akachuchumaa karibu na Breki.

Meneja akamgeukia fundi wake.

— Kesho asubuhi, — akamwambia. — Njoo na mchanganyiko.

Fundi alikuwa ameshakunja futi yake na kuirudisha kwenye ndoo.

— Kesho nina kazi kwingine, — akasema. — Na keshokutwa.

— Basi nitatafuta mwingine. Mama, nakwambia mapema usije ukasema sikukwambia. Kesho nakuja na zege.

Bi Mwiko alikuwa amefika kwenye mstari wa tatu. Mgongo ulimuuma, na alifurahi kwamba unamuuma kwa jambo lake mwenyewe. Akatia dengu nyingine shimoni, akaifukia, akaikandamiza kwa dole gumba.

— Njoo nalo, — akasema, bila kuinua kichwa. — Utanikuta nimeinama hapahapa.